Miles Malleson: Mwandishi Aliyefichwa na Mcheshi

Wahakiki wa filamu za Uingereza humkumbuka Miles Malleson (1888–1969) kwa uso wake tu: kidevu kilichozama na macho ya mshangao. Hukumu hiyo ina upungufu. Malleson alijiunga na jeshi mwaka 1914, akapelekwa Malta, akaachishwa mwaka 1915 kwa sababu ya afya. Mwaka 1916 tamthilia zake mbili kuhusu vita zilikamatwa na serikali. Katika mojawapo, *Black 'Ell*, askari anayesifiwa kwa ushujaa anakataa kurudi vitani. Baadaye aliwafasiria Waingereza tamthilia za Molière. Kwa hiyo mnyongaji wake katika *Kind Hearts and Coronets* (1949), anayehangaikia namna ya kumwamkia mtukufu kabla ya kumtia kitanzi, hatuwezi kumsoma kama mzaha mtupu.