Kivuli Kwanza, Sola Baadae: Jua Katika Historia ya Nyumba na Miji Yetu



Mwezi uliopita mpwa wangu aliyeko Unguja aliniletea ramani ya nyumba anayotaka kuijenga nje kidogo ya mji. Ni nyumba yetu sote, manake kiwanja kiliachwa na marehemu bibi, na fedha, mambo yetu sisi tulioko nje mnayajua, zinatarajiwa kutoka huku Uingereza. Ramani yenyewe nzuri. Ghorofa moja, sebule kubwa, na ukuta mzima wa vioo unaotazama magharibi, "ili tulione jua likizama, mjomba." Chini kabisa ameandika: AC tano, na paneli za sola za kuziendesha. Akanambia hii ndiyo nyumba ya kisasa isiyochafua hewa.

Nilikaa na ramani ile siku kadhaa nikihisi kuna kitu hakikai sawa. Baadae ndipo nikaelewa. Kijana anaufungua ukuta mzima jua la alasiri liingie ndani, halafu ananunua sola kwa pesa nyingi ili alitoe nje. Nikaanza kusoma, na kusoma kukanifikisha mbali kuliko nilivyotegemea. Haya hapa chini ndiyo niliyoyapata.

Tuanze na wenzetu wa nchi za baridi, manake vitabu vingi vya historia ya jambo hili vinaanzia kwao. Wayunani wa kale walilifikiria jua kabla ya kuchimba msingi. Xenophon, mwanafunzi wa Socrates, ameandika kuwa mwalimu wake alisema nyumba ielekezwe kusini, upande huo uwe mrefu zaidi ili jua la baridi liingie, na upande wa kaskazini uwe mfupi kuzuia upepo. Warumi wakaenda mbele wakalitia jua katika sheria: mwanasheria Ulpian aliandika kuwa mtu mwenye chumba cha kupashwa moto na jua ana haki ya kulalamika ikiwa jirani atamjengea kitu cha kumzibia. Na hapa England, sheria ya mwaka 1832 inampa haki ya mwanga mtu ambaye dirisha lake limepata mwanga miaka 20 bila ya kuzuiliwa. Mnaokaa London mtakuwa mmeviona vibao vya zamani kwenye kuta vinavyotangaza haki hiyo.

Kwa hiyo kwao jua ni mgeni wa kukaribishwa. Kwetu sisi jua halisubiri kukaribishwa, na elimu yetu ya ujenzi ilikuwa elimu ya kulipokea kwa masharti.

Itazame nyumba ya mawe ya Lamu, zile za karne ya 18. Unaingia kupitia daka, unapita tekani, unatokea kiwandani, ndio uani kwenye uwazi. Kutoka hapo vyumba vinafuatana kimoja nyuma ya kimoja: msana wa tini, msana wa yuu, halafu ndani. Ni vyumba virefu na vyembamba, manake upana wake umewekwa na boriti za mikoko, ambazo hazivuki mita tatu hivi. Kuta ni za mawe ya matumbawe na chokaa, nene kiasi cha nusu mita. Mchana zinameza joto polepole, na kabla halijafika ndani jioni imeshaingia.

Lakini kilichonishangaza zaidi ni mwelekeo. Nyumba nyingi za kale za Lamu zimeelekea kaskazini. Sababu inayotajwa mara nyingi ni kibla, kwani ukiwa pwani yetu Makka iko karibu kaskazini moja kwa moja. Sasa hebu tufanye hesabu. Lamu iko kama digrii mbili kusini ya ikweta. Mwezi wa Disemba na Januari, joto linapopanda, jua la mchana liko upande wa kusini. Nyumba iliyoelekea kaskazini inauweka mwili wake kati ya jua na uwa, kivuli kinaangukia kiwandani. Na wakati huohuo upepo unaovuma ni kaskazi, unaokuja kutoka upande uleule wa uwazi. Ikifika Juni na Julai, siku za kusi na baridi yetu ile ndogo, jua limehamia kaskazini, na ndipo linapoingia uani. Tena kuta ndefu zinatazama kaskazini na kusini, na jua la asubuhi na la alasiri, ambalo ndilo gumu kulikinga kwa vile liko chini, linakutana na kuta fupi tu.

Sisemi wazee walikaa na karatasi wakapiga hesabu za jua. Huenda kibla kilitangulia na raha ya nyumba ikafuata. Ila waliokaa ndani waliijua raha hiyo, na mafundi wakairithisha.

Sasa njooni Unguja, mwaka 1883. Sultani Barghash anajenga Beit al-Ajaib. Jumba lina veranda pana kila upande, zinazobebwa na nguzo za chuma cha kusubu. Watu tunakumbuka taa za umeme na lifti zilizotiwa baadae, tukasahau kuwa kazi kubwa ya kila siku ilifanywa na veranda: hakuna jua linalogusa ukuta wa ndani mchana. Sehemu ya jumba hilo, kama mnavyojua, iliporomoka Disemba 2020, msiba ambao wengi wetu hatujapoa nao.

Mwaka huohuo wa 1883, huko New York, mtu anaitwa Charles Fritts alitengeneza seli za seleniamu zilizofunikwa kwa utando mwembamba wa dhahabu, zikageuza mwanga wa jua kuwa umeme. Zilikamata asilimia moja tu ya nguvu ya jua. Dunia haikushtuka. Ilipofika 1954 maabara ya Bell wakaonyesha seli ya silikoni ya kama asilimia 6, na paneli za kawaida za leo zinafika asilimia 20 na kupita. Basi mwaka mmoja ulizaa vitu viwili, jumba linalojua kulikinga jua na kifaa kinachojua kulivuna. Vilikuwa na haki ya kukutana. Badala yake, wakati sola inakua, sisi tulikuwa tunasahau kivuli.

Tulisahauje? Kwanza yalikuja mabati. Mapaa ya bapa ya chokaa yalikuwa yanavuja masika, kwa hivyo bati lilikuwa rahma, lakini lilileta joto lake. Pili, saruji. Tofali la saruji ni jembamba, linapita joto upesi, na fundi hahitaji tena kujua kuchoma chokaa. Tatu, mipango ya miji. Unguja imepangiwa mara nyingi: mwaka 1923 na Lanchester, 1958 na Kendall, 1968 na wataalamu wa Ujerumani Mashariki, 1982 na Wachina. Mpango wa 1968 ndio uliotupa Michenzani. Vijumba vya Ng'ambo vilibomolewa, barabara mbili zikakatana msalaba, na maghorofa marefu kama treni yakapangwa kandokando ya zote mbili.

Najua Michenzani ni jambo linaloamsha hisia, na sitaki kuwavunjia heshima waliopata humo maji ya bomba na choo cha ndani kwa mara ya kwanza. Ndugu wa mama yangu ni mmoja wao. Nasema tu kuwa msalaba ni sura ya kupendeza ukiiangalia juu ya karatasi, lakini jua haliko hivyo. Ukipanga majengo ya sura moja kwa pembe mbili zinazokatana, nusu yake yatalipokea jua vizuri na nusu vibaya. Hapo aliyeshika kalamu aliangalia barabara, siyo anga.

Halafu umeme. Tangu 1980 Unguja imekuwa ikipata umeme kwa waya uliopita chini ya bahari kutoka bara. Mei 2008 ukakatika, kisiwa kikakaa kama mwezi mzima gizani. Disemba 2009 ukakatika tena, safari hii mpaka Machi 2010, miezi mitatu. Nakumbuka nikimpigia simu dada yangu, nyuma ya sauti yake jenereta za majirani zinanguruma, ananambia samaki hawawekeki na maji hayapandi. Ndipo nilipofahamu kuwa nyumba zetu mpya bila ya umeme hazikaliki, ilhali mzee mmoja wa Shangani, kwa maneno ya dada, alikuwa amekaa barazani kwake kama kawaida. Mwaka 2013 ukaja waya mpya wa megawati 100. Lakini somo la miezi ile mitatu lilitosha: mji unaotegemea uzi mmoja kupoza nyumba zake uko mashakani.

Wengine duniani walikuwa wanafanya nini? Mwaka 1973 Chuo Kikuu cha Delaware, Marekani, kilijenga nyumba ambayo sola ilikuwa sehemu ya paa lenyewe. Barcelona kuanzia mwaka 2000 ililazimisha majengo mapya kupata asilimia 60 ya maji yao ya moto kwa jua, na hilo ni jambo la kuzingatiwa, manake lilitoka kwenye halmashauri ya mji na siyo kwa tajiri mmoja mwenye shauku. Nairobi, ofisi mpya za Umoja wa Mataifa pale Gigiri zilifunguliwa Machi 2011 zikiwa na mita za mraba 6,000 za paneli, lakini zimejengwa pia kwa uwazi wa kati unaopitisha hewa na mwanga, ili umeme unaohitajika uwe mdogo tangu mwanzo. Kenya ikafuatia 2012 na kanuni za kupasha maji kwa jua, ingawa utekelezaji wake ulisuasua.

Na mlioko Ghuba mnaijua Masdar, Abu Dhabi. Iliasisiwa 2006, ujenzi ukaanza 2008, ramani ni ya Foster. Jina lenyewe maana yake chanzo. Walikusudia mji wa watu 50,000 usiotoa hewa chafu kabisa, ukamilike kama 2016. Haikuwa hivyo. Mwaka 2010 walikubali kuwa umeme wote hautatoka ndani ya mji wenyewe, na tarehe ya kumaliza ikasogezwa mbele zaidi ya mara moja. Wako wanaoicheka. Mimi naona kilichofanikiwa Masdar ni kile cha zamani: mitaa myembamba iliyogeuzwa kwa pembe ili ipate kivuli na upepo, madirisha ya kimashrabiya, na mnara wa upepo wa mita 45 ambao mjukuu wa barjili za Bastakiya, Dubai, angeutambua. Waliokwenda kutafuta mustakbali walilazimika kwanza kuuliza mabibi zao.

Sasa nirudi kwenye ramani ya mpwa wangu, kwani historia isiyogusa kiwanja cha bibi itakuwa ni hadithi tu. Nilimwandikia mambo manne. Geuza nyumba, kuta ndefu zitazame kaskazini na kusini. Ondoa vioo vya magharibi, jua la kuzama tutaliona tukikaa barazani. Toa upenu mpana. Na paneli uzilaze kidogo kuelekea kaskazini, usiige picha za Ulaya, manake wao wanazielekeza kusini kwa kuwa jua lao liko huko. Paa lenye mita 50 za paneli, kwa saa sita ya mchana ya jua kali, linatoa kama kilowati 10. AC ya chumba inakula kama kilowati moja. Ukipunguza AC tano zikawa moja, umeme mwingine wote ni wa friji, pampu na taa, na unabaki.

Jibu lake lilinikata maini kidogo. "Mjomba, boriti za mikoko haziruhusiwi kukatwa ovyo, fundi wa chokaa simpati, na kiwanja kimekatwa kuelekea barabara, na barabara inatazama magharibi. Nikiigeuza nyumba nitampa jirani mgongo. Wewe uko kwenye baridi, unasema tu."

Ana haki. Hapo ndipo ilipo hoja kubwa kuliko nyumba yetu. Mtu mmoja hawezi kuigeuza nyumba ikiwa aliyepima viwanja hakulifikiria jua. Mwelekeo unaamuliwa siku ya kupima, sio siku ya kujenga. Na jirani yake akipandisha ghorofa nne kesho, kivuli kitaangukia juu ya paneli na pesa zimekwenda. England mahakama kuu iliamua mwaka 2019 kuwa halmashauri inapotoa kibali cha ujenzi haiwezi kupuuza athari kwa sola ya jirani. Huko kwetu hilo tulizungumze sasa, kabla mapaa hayajajaa. Na Mji Mkongwe, ulioingia urithi wa dunia mwaka 2000, je, paneli ziwekwe juu ya mapaa yake au zikae nje ya mji na umeme uletwe? Na kwenye maghorofa ya pamoja, paa ni la nani?

Tumekubaliana hivi mpaka sasa: vioo vinapungua, kunatiwa veranda upande wa magharibi, AC zimebaki mbili. Msingi haujachimbwa. Kama kuna mwenzetu aliyesomea upimaji au aliyejenga kwenye kiwanja kilichoelekea vibaya, namuomba aseme alifanyaje, manake pesa ya mwanzo natakiwa niipeleke mwisho wa mwezi.