Filamu Iliyochorwa Kabla ya Kupigwa

Usiku wa tarehe 10 Desemba 1938, kwenye uwanja wa nyuma wa studio ya David O. Selznick huko Culver City, California, Atlanta ilitiwa moto. Kilichoungua hasa ni seti kuukuu za filamu zilizopita, zikiwemo za King Kong, zilizobandikwa sura mpya kwa mbele ili zifanane na maghala ya silaha ya mwaka 1864. Waliopita na mkokoteni wa farasi mbele ya ndimi za moto hawakuwa nyota wa filamu, kwani hata atakayemwigiza mhusika mkuu, Scarlett O'Hara, alikuwa hajatangazwa, na upigaji wenyewe wa Gone with the Wind ulianza mwishoni mwa Januari 1939. Moto wa aina ile haurudiwi. Kamera ikikaa vibaya, hakuna Atlanta nyingine ya kuchoma. Ndiyo maana picha za tukio lile zilichorwa mapema, na aliyelisimamia kwa kufuata michoro hiyo alikuwa William Cameron Menzies, mtu ambaye hakuajiriwa kuwa mwongozaji.

Mbunifu wa mandhari ya filamu huonekana na wengi kama mpambaji: anachagua samani, anapaka ukuta rangi, kisha anawapisha wenye filamu waanze kazi. Historia ya kazi hii inapinga dhana hiyo. Kabla ya Menzies, studio kubwa za Hollywood zilikuwa na wakurugenzi wa sanaa, na maarufu kuliko wote alikuwa Cedric Gibbons wa MGM, ambaye jina lake limo katika filamu zipatazo 1,500. Hakuna binadamu awezaye kuchora filamu 1,500. Mkataba wake ulidai jina liwekwe, naye aliongoza idara iliyojaa wachoraji. Yalikuwa mamlaka ya ofisi. Selznick alipompa Menzies cheo cha mbunifu wa filamu nzima, alichokipa mamlaka ni mchoro wenyewe: kila onyesho lichorwe likionyesha kamera ilipo, mwanga unakotoka na rangi inayotawala, kabla mtu hajapigilia msumari.

Mamlaka hayo yaligusa hata kazi ya seremala. Sehemu nyingi za majengo tunayoyaona katika filamu ile hazikujengwa kamwe. Mapaa na dari zilichorwa na kikosi cha Jack Cosgrove, kisha zikaunganishwa na picha ya waigizaji. Seremala alipaswa kujua ukuta uishie wapi, na mpiga picha ajue asiinue kamera kupita mstari upi. Bila mchoro uliokubaliwa na wote, ama fedha zingemwagwa kwenye mapaa yasiyohitajika, ama mtazamaji angeona ukuta uliokatika.

Kisha waongozaji wakabadilika. George Cukor aliondolewa Februari 1939, akaja Victor Fleming, na Fleming alipoelemewa na uchovu nafasi ikashikwa na Sam Wood. Filamu iliyopita mikono mitatu ilitarajiwa iwe na viraka. Lakini umbo la mtu na mti, jeusi mbele ya anga jekundu, linarudi katika nyakati nzito za hadithi kana kwamba jicho moja ndilo lililotazama tangu mwanzo. Atakayepinga atasema jicho hilo lilikuwa la Selznick, mtayarishaji aliyeingilia kila jambo. Hoja hiyo ina uzito, maana bila ukaidi wake Menzies asingepewa nafasi. Hata hivyo, katika barua zake za ofisini za mwaka 1937 Selznick mwenyewe alieleza kuwa anataka filamu nzima iwe kwenye karatasi kwanza. Alijua anataka umoja, na alijua mkono wa kuuleta haukuwa wake.

Pingamizi gumu zaidi ni kwamba mwongozaji mwenye nguvu humgeuza mbunifu kuwa fundi wa kutekeleza tu. Hapa inafaa kumtazama mbunifu Ken Adam, mzaliwa wa Berlin aliyesomea usanifu wa majengo London, akifanya kazi na mwongozaji Stanley Kubrick katika filamu ya Dr. Strangelove ya mwaka 1964. Kubrick aliukataa mchoro wa kwanza wa seti ya Chumba cha Vita baada ya kuusifu. Tena ndiye aliyetaka meza ifunikwe kitambaa cha kijani, kama meza ya kamari, ingawa filamu ilikuwa nyeusi na nyeupe. Lakini duara kubwa la taa lililoning'inia juu ya meza lilikuwa sehemu ya seti ya Adam, na ndilo lililowamulika waigizaji. Mwongozaji aliyeogopwa kwa kushika kila kitu alilazimika kupiga picha kwa mwanga wa kitu kilichobuniwa na mwenzake. Huo si utekelezaji wa maagizo. Ni utunzi wa watu wawili.

Mwaka 1940 tuzo ya Oscar ya sanaa kwa Gone with the Wind ilikwenda kwa Lyle Wheeler, aliyesanifu seti, na aliistahili. Menzies alipewa tuzo ya pembeni kwa matumizi ya rangi, kwa sababu hapakuwa na kundi la kazi aliyoifanya. Akademia inayotoa Oscar ilikuja kuipa tuzo ya sanaa jina la ubunifu wa filamu mwaka 2012, miaka 55 baada ya Menzies kufariki.