Posta, Rangi na Ngoma: Safari ya Kisanii ya Len Lye

Mtu anayetazama video za muziki katika luninga za Kampala au Nairobi amekwisha zoea mambo ambayo hapo zamani yangemshangaza: picha zinazokatwa kwa kufuata mdundo, rangi zinazogeuka ghafla bila sababu ya wazi, maandishi yanayocheza pamoja na ngoma. Matangazo ya biashara nayo yanatumia mbinu hizo hizo, kiasi kwamba mara nyingine ni vigumu kujua wimbo umeishia wapi na tangazo limeanzia wapi. Wengi hudhani kwamba mtindo huu ulizaliwa Marekani mwaka 1981, stesheni ya MTV ilipoanza kurusha matangazo yake. Makala haya yanamhusu mtu aliyeufanya zaidi ya miaka 45 kabla ya hapo, tena kwa fedha za idara ya posta. Jina lake ni Len Lye.

Lye alizaliwa Christchurch, New Zealand, tarehe 5 Julai 1901. Baba yake alikuwa kinyozi, akafariki kwa kifua kikuu Len angali mtoto mdogo. Mama aliolewa tena na mlinzi wa mnara wa taa huko Cape Campbell, na kwa muda familia iliishi chini ya taa hiyo iliyokuwa ikizunguka usiku kucha juu ya bahari. Si vyema kueleza kazi yote ya msanii kwa mambo ya utoto wake, lakini Lye mwenyewe hakuacha kusimulia habari za mwanga ule. Baadaye, akiwa kijana anayesomea sanaa mjini Wellington, alijiuliza swali ambalo lilimtawala maisha yake yote. Wachoraji wengi wamejaribu kuonyesha mwendo wa mawingu kwa picha iliyosimama. Je, kwa nini msanii asiutunge mwendo wenyewe, kama vile mwanamuziki anavyotunga sauti?

Jibu hakulitafuta Ulaya kwanza. Alijaza madaftari kwa michoro ya sanaa za Wamaori, za wenyeji wa Australia, za visiwa vya Pasifiki na za Afrika, katika zama ambazo walimu wengi wa sanaa waliziona kazi hizo kuwa vitu vya makumbusho tu. Alikwenda Sydney, kisha Samoa, kisiwa kilichokuwa chini ya New Zealand wakati huo. Huko aliishi miongoni mwa wenyeji, jambo ambalo watawala wa kikoloni hawakulipenda, wakamfukuza. Mwaka 1926 alifika London kwa meli, akilipia safari yake kwa kazi ya makaa ya mawe.

Filamu yake ya kwanza, Tusalava, ilionyeshwa London mwaka 1929. Ilimchukua karibu miaka 2 ya kuchora picha moja baada ya nyingine, maelfu kwa maelfu, kwa ajili ya filamu isiyofika hata dakika 10. Jina ni la Kisamoa. Waliotazama walistaajabu, wengine hawakuelewa, na hakuna aliyejitokeza kulipia filamu ya pili. Hapo ndipo tunapokutana na tatizo lililomsumbua mpaka mwisho. Mchoraji anahitaji karatasi na rangi. Mtu wa filamu anahitaji kamera, taa, maabara na mitambo, na vyote hivyo vina wenyewe.

Lye alilijibu tatizo hilo kwa namna ya ajabu: aliiacha kamera. Alichukua ukanda mtupu wa filamu, ule unaopenyeza mwanga, akaupaka rangi moja kwa moja. Kila picha katika ukanda wa milimita 35 haizidi ukubwa wa stempu ya barua, na projekta hupitisha picha 24 kila sekunde. Filamu ya dakika 4 ina picha zaidi ya 5,700. Lye hakuzipaka zote moja moja. Mara nyingine alivuta mstari mrefu kwa brashi kupita juu ya mamia ya picha, kisha akapitisha kitana juu ya rangi mbichi ili kuacha michirizi. Mara nyingine alitumia stensili za nukta na maumbo mbalimbali. Ukanda ulipopita katika projekta, mstari ule ulitetemeka kama uzi wa gitaa.

(Tutaje hapa tatizo dogo la istilahi. Kwa kawaida tunamwita mtu wa namna hii mwongozaji wa filamu. Lakini Lye hakuwa na waigizaji wa kuwaongoza, wala hakuwa na mpiga picha. Katika kazi hizi, neno msanii linamfaa zaidi.)

Mwaka 1935 aliupeleka ukanda wake kwa John Grierson, Mskoti aliyekuwa akiongoza kitengo cha filamu cha Posta ya Uingereza. Kitengo hicho kilikuwa na kazi ya kuwaeleza wananchi huduma za posta na simu, na humo zilitengenezwa filamu za hali halisi ambazo mpaka leo zinafundishwa vyuoni, kama vile Night Mail ya mwaka 1936. Grierson alikubali kumlipia, kwa sharti moja: mwishoni yaongezwe maneno ya kutangaza gharama nafuu za kutuma vifurushi. Hivyo ndivyo ilivyopatikana A Colour Box, filamu ya dakika 4 ya rangi tupu zinazocheza, ambayo inapokaribia kwisha inataja uzito wa vifurushi na bei zake. Hakuna mtu, hakuna nyumba, hakuna hadithi. Ni rangi na muziki, kisha vifurushi.

Muziki wenyewe unatuhusu. Lye alichagua La Belle Créole, santuri ya dansi ya Don Baretto na bendi yake ya Kikuba. Rafiki yake Jack Ellitt, mwanamuziki, aliuchambua wimbo kipigo kwa kipigo ili Lye ajue kila ala inaingia katika picha ya ngapi. Kabla ya hapo Lye alikuwa amekwisha jaribu filamu fupi ya kinyago cha nyani kinachocheza kwa wimbo wa muuza karanga, El Manisero. Wapenzi wa muziki wa Kongo wataukumbuka wimbo huo. Ulikuwa miongoni mwa santuri za Kikuba za mfululizo wa GV zilizoanza kutolewa mwaka 1933 na kuenea Afrika, na ambazo ziliwafunza wanamuziki wa Léopoldville njia mpya ya kupiga rumba. Kwa hiyo katika miaka ile ile, midundo iliyotoka Afrika ikavuka bahari mpaka Kuba ilikuwa ikirudi kwa njia mbili: kwa santuri hadi mto Kongo, na kwa rangi juu ya ukuta wa sinema za London.

Watazamaji wa kawaida waliiona A Colour Box katika majumba ya sinema, kabla ya filamu kubwa waliyoilipia kiingilio. Wako walioshangilia na wako waliozomea. Katika mashindano ya filamu ya Brussels mwaka huo huo, majaji walishindwa kuipangia kundi, kwa kuwa haikuwa katuni wala filamu ya hali halisi wala mchezo. Wakabuni tuzo mpya kwa ajili yake.

Baada ya hapo kazi zilifuatana. Katika Kaleidoscope (1935), tangazo la sigara za Churchman, aliyakata maumbo mengine yakatoka kabisa katika ukanda ili mwanga wa projekta upige ukuta bila kizuizi. Kampuni ya mafuta ya Shell ilipata The Birth of the Robot (1936), filamu ya vinyago. Imperial Airways ilipata Colour Flight (1938). Ni shirika lile lile ambalo ndege zake za majini zilikuwa zikitua Port Bell na Kisumu katika miaka ya 1930, ingawa katika filamu hakuna ziwa wala Afrika, ni rangi zinazoruka.

Mbili kati ya kazi hizo zinastahili kutazamwa kwa makini zaidi, nazo ni Rainbow Dance (1936) na Trade Tattoo (1937). Filamu za rangi za wakati huo zilipatikana kwa kuunganisha picha tatu zisizo na rangi, kila moja ikibeba rangi yake wakati wa kuchapa. Wenzake walitumia utaratibu huo ili nyasi zionekane kijani na anga ionekane buluu. Lye aliugeuza. Alimpiga picha mcheza dansi Rupert Doone kwa rangi nyeusi na nyeupe, halafu katika maabara akaamua mwenyewe mwili uwe wa rangi gani, kivuli chake rangi gani, na njia aliyopita ibaki na rangi gani nyuma yake. Mchezaji anaruka, na miili yake ya awali inabaki hewani kama ngazi. Mwishoni mtazamaji anahimizwa kuweka akiba katika benki ya posta. Trade Tattoo ilitengenezwa kwa mabaki, yaani vipande vya filamu za posta ambavyo havikutumika: wafanyakazi wa viwandani, matreni, wapanga barua. Juu ya vipande hivyo Lye alipaka madoa na mistari inayofuata ngoma za bendi ya Lecuona ya Kuba. Ujumbe wa posta ulikuwa kwamba watu wapeleke barua zao mapema, kabla ya saa nane mchana.

Kwa maoni yangu, hizi ni video za muziki kwa kila hali isipokuwa jina. Wimbo uliorekodiwa ndio unaoamua urefu wa filamu, mdundo ndio unaoamua mahali pa kukata, na anayelipa anataka kuuza kitu. Tofauti ni kwamba kilichouzwa hakikuwa wimbo. Wahakiki wengine husema Lye aliuza sanaa yake kwa wafanyabiashara, lakini tuangalie hesabu ilivyokuwa. Posta ilichukua sekunde chache za mwisho, ikamwachia yeye dakika zote zilizobaki, na haikumwambia apake rangi gani. Ni wafadhili wachache wa sanaa, wa serikali au wa kanisa, waliowahi kutoa masharti mepesi kama hayo. Mskoti mwingine, Norman McLaren, ambaye baadaye alifanya kazi katika kitengo hicho hicho cha posta, aliipeleka mbinu ya kuchora juu ya ukanda hadi Canada, ambako alipata mwajiri wa kudumu katika bodi ya filamu ya taifa tangu mwaka 1941.

Lye hakupata bahati hiyo. Vita vilipoanza alitengeneza filamu za propaganda, na mwaka 1944 alihamia New York kufanya kazi katika mfululizo wa filamu za habari wa The March of Time. Kazi hiyo ilipokwisha mwaka 1951, alibaki akibisha hodi katika milango ya mashirika ya matangazo. Wahenga walisema mtegemea cha nduguye hufa maskini.

Kisa cha Rhythm kinaonyesha hali ilivyokuwa. Mwaka 1957 alitengeneza tangazo la dakika 1 kwa ajili ya kampuni ya magari ya Chrysler. Alichukua picha za kiwandani zinazoonyesha gari likiunganishwa, akazikatakata vipande vidogo mno, akavipanga kwa mdundo wa ngoma za Kiafrika, hata gari zima linajengeka mbele ya macho ya mtazamaji kwa sekunde 60. Chrysler ililikataa. Baadaye lilichaguliwa kuwa la kwanza katika mashindano ya matangazo mjini New York, kisha likaondolewa, kwa sababu tangazo lisilowahi kuonyeshwa katika luninga halikuwa na haki ya kushindana. Leo ukatwaji wa namna hiyo unaonekana katika kila tangazo la gari.

Mwaka uliofuata alikuwa na fedha chache kuliko wakati wowote, naye akatengeneza filamu iliyo bora kuliko zote alizowahi kufanya. Free Radicals haikuhitaji hata rangi. Lye alichukua ukanda mweusi akaukwaruza kwa sindano, kwa vichwa vya mishale na kwa vifaa vya daktari wa meno, akaacha mikwaruzo myeupe inayozunguka, inayopinda na kujikunja gizani kama vijiti vinavyorushwa na mtu asiyeonekana. Katika mashindano ya filamu za majaribio ya Brussels mwaka 1958 ilipata tuzo ya pili na dola 5,000. Hazikutosha. Katika mwaka huo huo Lye alitangaza kwamba yuko katika mgomo: hatatengeneza filamu tena mpaka wapatikane watu wa kuzilipia. Aligeukia sanamu za chuma zinazotikiswa kwa mota, nazo zilimpa jina jipya katika majumba ya sanaa ya Marekani. Filamu alizirudia kidogo tu, hasa mwishoni mwa maisha yake. Mwaka 1979 aliifupisha Free Radicals ikawa ya dakika 4. Alifariki tarehe 15 Mei 1980. Mwaka 2008 filamu hiyo iliingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa na taifa la Marekani, na mwaka 2015 kilifunguliwa kituo chenye jina lake huko New Plymouth, New Zealand.

Lipo jambo moja ambalo wanahistoria wa filamu hulipita haraka. Santuri za Kikuba zilizobeba filamu zake za London zinajulikana kwa jina la bendi na jina la wimbo. Free Radicals, ambayo bila ngoma zake ingekuwa mikwaruzo tu, hutajwa kuwa na muziki wa kabila la Bagirmi, yaani watu wa nchi ya Chad ya leo. Mstari mmoja mweupe unapinda pale mkono wa mpigaji unapopinda, na unasimama anaposimama. Mpigaji huyo hana jina.