Argwings-Kodhek: Wakili wa kwanza Mwafrika aliyewatetea wasio na mtetezi

JINA la Argwings-Kodhek linafahamika na wengi kama barabara ya mtaa wa Hurlingham jijini Nairobi. Mwenye jina hilo, Clement Michael George Argwings-Kodhek, alikuwa Mwafrika wa kwanza nchini Kenya kuwa wakili, na baadaye mbunge na waziri.

Uzito wa sifa hiyo hauonekani vyema bila kurejea enzi ambapo Mwafrika hakuwa na wakili wa damu yake. Mfano mkubwa ni ule wa Wamaasai, ambao nchi yao ya kusini ndiyo leo Kaunti za Kajiado na Narok.

Kwa mkataba wa mwaka 1904, Waingereza waliwaondoa Wamaasai katika Bonde la Ufa na kuwagawa katika maeneo mawili, moja Laikipia na jingine kusini. Mkataba wa pili wa mwaka 1911 uliwaamuru wa Laikipia nao wahamie kusini. Mwaka 1912 walikwenda mahakamani wakiwakilishwa na wakili Mzungu. Mwaka uliofuata Mahakama Kuu iliamua kwamba mikataba hiyo ilikuwa baina ya mataifa mawili, hivyo haikuwa na mamlaka ya kuiamua. Rufaa yao ilitupwa Desemba 1913. Swali lenyewe la nani mwenye haki ya ardhi halikusikilizwa.

Argwings-Kodhek alizaliwa miaka kumi baadaye, mwaka 1923, huko Gem, kaunti ya sasa ya Siaya. Alisoma Yala, kisha Kisubi na Chuo cha Makerere nchini Uganda, akawa mwalimu. Mwaka 1947 alipata ufadhili wa kwenda Wales kuendelea na masomo. Akiwa huko aligeukia sheria, fani ambayo serikali ya kikoloni haikupenda Waafrika waisomee, na kufuzu mwanzoni mwa miaka ya 1950. Alirejea nyumbani na mkewe Mavis, raia wa Ireland, jambo lililowachukiza walowezi wengi.

Serikali ilimpa kazi katika afisi ya Mwanasheria Mkuu, lakini kwa mshahara mdogo kuliko ule wa Mzungu mwenye cheo hicho hicho. Alikataa, akafungua afisi yake mwenyewe.

Kazi haikukawia kumfikia. Oktoba 1952 gavana alitangaza Hali ya Hatari na viongozi wa chama cha KAU wakakamatwa. Baadhi yao walizuiliwa Kajiado kabla ya kusafirishwa hadi kisiwa cha Manda, Lamu. Kambi nyingine kubwa ilifunguliwa Athi River, mji jirani wa Kitengela. Waliofungiwa humo hawakushtakiwa. Amri ya gavana ilitosha, na wakili hakuwa na mahakama ya kuiendea.

Lakini walioshtakiwa kuwa Mau Mau walifikishwa katika mahakama maalum ambazo zingeweza kumhukumu mtu kifo kwa kupatikana na bunduki, au hata risasi. Watu zaidi ya 1,000 walinyongwa kabla ya vita hivyo kwisha. Argwings-Kodhek alikuwa miongoni mwa mawakili wachache waliokubali kesi hizo. Wengi wa washtakiwa walikuwa maskini wa kijiji, na kwao wakili anayezungumza na jaji kwa lugha ya jaji alikuwa tofauti ya kamba na uhai.

Kutoka mahakamani aliingia siasa. KAU ilikuwa imepigwa marufuku mwaka 1953, na miaka miwili baadaye serikali ikaruhusu Waafrika kuunda vyama vya wilaya pekee. Argwings-Kodhek alijaribu kusajili chama cha nchi nzima, akakataliwa. Ndipo akaanzisha Nairobi District African Congress, kilichosajiliwa mwaka 1956.

Katika uchaguzi wa Machi 1957, wa kwanza kwa Waafrika kuchagua wawakilishi wao katika Baraza la Kutunga Sheria, aligombea kiti cha Nairobi dhidi ya Tom Mboya, kiongozi wa vyama vya wafanyakazi. Alishindwa kwa kura zisizofika 400. Wakikuyu, Waembu na Wameru hawakuruhusiwa kupiga kura bila cheti cha uaminifu kwa serikali, hivyo wengi wa jamii za wale aliowatetea hawakuwa na kura ya kumpa.

Hatimaye aliingia Bunge kama mjumbe wa Gem, ambako wafuasi wake walizigeuza herufi C.M.G. za jina lake kuwa "Chiedo Moro Gem". Alipanda hadi kuwa Waziri wa Mashauri ya Kigeni.

Usiku wa Januari 29, 1969, alifariki katika kile kilichotajwa kuwa ajali ya gari katika Barabara ya Hurlingham, ambayo sasa ina jina lake. Wapo waliodai alipigwa risasi, na shaka hiyo haijafutika. Katika uchaguzi mdogo uliofuata, wapigakura wa Gem walikiacha chama tawala cha KANU na kumchagua Wasonga Sijeyo wa KPU, chama cha upinzani cha Jaramogi Oginga Odinga. Julai 5 mwaka huo huo, Mboya naye aliuawa kwa risasi jijini Nairobi.

Leo mji wa Kajiado una Mahakama Kuu pamoja na Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Kitengela, ambako ranchi ya jamii iligawanywa mwishoni mwa miaka ya 1980 na ploti kuanza kuuzwa, kesi za hatimiliki na mipaka zimekuwa jambo la kawaida. Atakayeshinda na atakayeshindwa huamuliwa na sheria na ushahidi. Lakini kila mmoja aweza kumpata wakili Mwafrika wa kumsemea, jambo ambalo Wamaasai wa mwaka 1913 hawakuwa nalo, na ambalo nchini Kenya lilianza na mwalimu kutoka Gem.