Vilema Waliosema Wenyewe

Ndugu msomaji, umekwisha kuwaona watoto wakiiga mwendo wa kiwete, na watu wazima wakacheka? Katika Ulaya ya zamani kicheko hicho kilikuwa biashara. Mwaka 1884, mjini London, Joseph Merrick, mtu aliyeharibika umbo kwa ugonjwa, alionyeshwa dukani. Watu walilipa wapate kumtazama. Mwenyewe alikubali, maana alikuwa ameikimbia nyumba ya maskini, wala hakuwa na njia nyingine ya kupata chakula. Akafa mwaka 1890, umri wake miaka 27.

Mwaka 1977 Bernard Pomerance alimtungia mchezo wa kuigiza. Lakini aliyemwiga Merrick alikuwa mtu mzima wa viungo. Huruma ilikuwapo, naam. Kilema alikuwa bado kusemewa.

Mwaka 1980 Nabil Shaban, mzaliwa wa Amman, ambaye mifupa yake ilivunjika upesi, alianzisha pamoja na Richard Tomlinson kundi la waigizaji vilema huko Uingereza. Waliliita Graeae, jina la wale vikongwe watatu wa hadithi za Wagiriki walioazimana jicho moja. Mchezo wao wa kwanza waliuita Sideshow, maana yake kibanda kile kile cha kulipia na kutazama! Safari hii waliotazamwa ndio waliosema.

Mwaka 1997 Jenny Sealey, kiziwi tangu utoto, alipokea uongozi. Katika michezo yake, ishara za viziwi na maelezo kwa vipofu vimo ndani ya mchezo wenyewe.