Vazi la Bwana Harusi: Sharia, Historia na Ada Zetu

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), Aali zake na Masahaba wake wote. Ama baada ya hayo.

Maimamu wengi huulizwa, siku chache kabla ya kufungisha ndoa, bwana harusi avae nini. Je, ni lazima joho, au kanzu na kofia vyatosha? Akija na suti itakuwaje? Na pete ya dhahabu aliyoletewa na wakwe aivae au airudishe? Maswali haya yaonekana madogo, lakini nyuma yake lipo jambo zito. Wapo vijana ambao posa yao imekubaliwa na mahari wameshaitafuta wakaipata, na bado ndoa yao inasogezwa mbele kwa sababu ya gharama za mavazi ya siku moja. Kwa ajili hiyo tumeona tuitazame mas'ala hii kwa macho ya fiqhi na ya historia.

BWANA HARUSI ZAMA ZA MTUME (S.A.W.)

Tuanze na hadithi ya Sahl bin Saad (r.a.), waliyoipokea Bukhari na Muslim. Mwanamke alikuja kujitoa kwa Bwana Mtume, na Swahaba mmoja akaomba aozeshwe yeye. Alipoulizwa ana nini cha kutoa mahari, hakuwa na kitu. Akaambiwa atafute japo pete ya chuma, akaikosa. Akasema anayo shuka yake ya kujifunga tu, yuko tayari kumpa mwanamke nusu yake. Mtume (s.a.w.) akamweleza kwamba shuka moja haiwezi kuvaliwa na wawili. Sahl anabainisha kuwa mtu yule hakuwa hata na nguo ya kujitanda juu. Hata hivyo aliozeshwa, kwa Qur'ani aliyokuwa ameihifadhi. Basi huyo ni bwana harusi mwenye nguo moja, na ndoa yake imekuwa dalili ya wanazuoni katika mlango wa mahari mpaka leo.

Mfano wa pili ni wa Abdurrahman bin Auf (r.a.). Baada ya Hijra alioa mwanamke wa Kiansari, na Mtume (s.a.w.) akamwona ana athari ya rangi ya manjano. Alipomuuliza kuna habari gani, akajibu kuwa ameoa. Mtume akamuombea baraka na kumuamrisha afanye walima japo kwa mbuzi mmoja.

Hapa maulamaa wakasimama kidogo, kwa sababu imethibiti kwa Anas (r.a.) kwamba wanaume wamekatazwa kujipaka zafarani. Imamu Nawawi, aliyefariki mwaka 676 Hijria (1277), aliona kauli iliyo sahihi ni kwamba rangi ile ilimgusa kutoka kwa mkewe, wala hakuikusudia. Akataja pia kauli kwamba kijana aliyeoa alikuwa akiruhusiwa, na akataja kuwa madhehebu ya Imamu Malik yaruhusu nguo iliyotiwa zafarani, ilhali Shafi'i na Abu Hanifa hawakuiruhusu kwa mwanamume. Sisi twataka msomaji azingatie jambo moja: alipopata habari ya ndoa, Mtume (s.a.w.) alielekeza kwenye walima, yaani kuwalisha watu. Hakuagiza vazi maalumu.

MIPAKA NI MICHACHE

Haina maana kwamba mlango uko wazi kabisa. Hariri ya asili na dhahabu ni haramu kwa wanaume wa umma huu, na harusi haikutolewa katika hukumu hiyo. Kilichosamehewa katika hariri, kwa hadithi ya Umar (r.a.) iliyomo katika Sahihi Muslim, ni kiasi cha vidole viwili, vitatu au vinne, na Abdurrahman bin Auf huyo huyo, pamoja na Zubair (r.a.), waliruhusiwa kuivaa kwa sababu ya ugonjwa wa kuwashwa, si kwa sababu ya pambo. Ama pete ya dhahabu, Mtume (s.a.w.) aliivua kwa mkono wake kwenye kidole cha mtu na kuitupa, na mwenyewe akakataa kuiokota hata kwa kuitumia vinginevyo. Basi kijana aliyeletewa pete ya dhahabu aombe kwa adabu abadilishiwe ya fedha. Nyuzi za zari zilizo nyingi siku hizi ni za kiwandani, si dhahabu. Na vitambaa vingi viitwavyo hariri sokoni si hariri ya mdudu. Muhimu ni kuuliza kabla ya kununua.

Vilevile kumekatazwa kiburi na israfu, na kujifananisha na wasiokuwa Waislamu katika mambo yao mahsusi. Lakini si kila vazi lililoshonwa ugenini ni la kujifananisha. Katika safari ya Tabuk, Mughira bin Shu'ba (r.a.) alimuona Mtume (s.a.w.) amevaa juba la Sham lenye mikono myembamba, na Sham wakati huo ilikuwa chini ya Warumi. Kwa hiyo suti yenye sitara, isiyobana, iliyokwisha kuwa vazi la watu wote, haiwi haramu kwa asili yake tu, ijapokuwa kanzu ni bora kwetu kwa kuwa ndiyo ada ya watu wema wa miji yetu.

ADA YA PWANI YETU

Ada hii ina historia ndefu. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka 1331 aliletewa mavazi ya kwendea Ijumaa: shuka ya kujifunga kiunoni badala ya suruali, nguo ya Misri, vazi la juu lenye bitana kutoka Baitul-Maqdis, na kilemba cha Misri. Twaona kwamba vazi la heshima la pwani tangu hapo lilikusanya vitu vya nchi mbalimbali. Alipofika Kilwa alimkuta Sultani Hasan bin Sulaiman, na anasimulia jinsi fakiri wa Kiyemeni alivyomuomba Sultani nguo alizovaa, naye akaingia ndani, akazivua na kumpa.

Katika karne ya 19 huko Zanzibar, joho na kilemba vilikuwa alama ya watawala na wenye cheo, ilhali watumwa hawakuruhusiwa kufunika vichwa vyao. Baada ya utumwa kuondolewa kisheria mwaka 1897, walioachwa huru walivaa kanzu na kofia, na vazi lililokuwa likiwatenga watu likawa la Waislamu wote. Leo mtoto wa mvuvi huvaa joho siku ya ndoa yake, na hilo ni jema. Ubaya ni pale joho linapogeuzwa tena kuwa kizuizi, mwenye nacho akaoa na asiye nacho akangoja.

Fuqahaa wana kanuni kubwa kwamba ada huzingatiwa katika hukumu. Lakini ada huhudumia sharia, haiongezi nguzo. Katika madhehebu yetu ya Shafi'i nguzo za ndoa ni tano: mume, mke, walii, mashahidi wawili na tamko. Joho halimo.

KUAZIMA SI AIBU

Imamu Bukhari aliweka mlango maalumu wa kuazima nguo za harusi. Ndani yake Bibi Aisha (r.a.) anaeleza kuwa alikuwa na vazi la thamani ya dirhamu tano, na zama za Mtume (s.a.w.) kila mwanamke wa Madina aliyekuwa akipambwa alipeleka mtu kuliazima. Ikiwa maharusi wa Madina waliazimana nguo moja, vipi kijana wetu aone haya kuazima joho la ami yake?

Twawanasihi maimamu walieleze hili kwenye darsa, kabla ya posa na si baada yake. Na msikiti wenye uwezo uweke joho na kilemba viwili vitatu vya waqfu, kila kijana avae siku yake kisha avirudishe. Enyi mawalii, msimuulize mchumba ana majoho mangapi. Muulizeni kuhusu swala yake na tabia yake.

Wabillahi tawfiq.