Molinaro, mwelekezi ambaye kazi zake zilivuma kuliko jina lake

WAPENZI wa sinema huwakumbuka zaidi waelekezi wenye mtindo mmoja usiobadilika. Edouard Molinaro wa Ufaransa hakuwa wa kundi hilo, na huenda ndiyo sababu hatajwi sana ilhali filamu zake tatu ziliigwa Hollywood.

Alizaliwa Bordeaux mnamo Mei 13, 1928. Filamu yake ndefu ya kwanza, Le Dos au mur (1958), ilihusu mume anayemtesa kwa vitisho mkewe asiye mwaminifu. Wakati huo vijana kama François Truffaut walikuwa wakizusha sinema mpya. Molinaro alibaki upande wa sinema ya kibiashara.

Kutoka visa vya uhalifu alihamia vichekesho. Alimwelekeza Louis de Funès katika Oscar (1967) na Hibernatus (1969), kisha Lino Ventura na mwimbaji Jacques Brel katika L'Emmerdeur (1973), kisa cha muuaji wa kukodiwa anayevurugiwa kazi na jirani wa hotelini anayetaka kujiua.

Kilele kilikuwa La Cage aux folles (1978), kuhusu wanaume wawili wapenzi wenye klabu ya usiku Saint-Tropez, wanaolazimika kuficha maisha yao mtoto wao anapotaka kuoa binti wa mwanasiasa mhafidhina. Mnamo 1980 Molinaro aliwania tuzo ya Oscar (jina lile lile la filamu yake ya awali) ya mwelekezi bora pamoja na Francis Ford Coppola. Mshindi alikuwa Robert Benton.

Billy Wilder aliiga L'Emmerdeur mwaka wa 1981, John Landis akaiga Oscar mwaka wa 1991 akimtumia Sylvester Stallone, naye Mike Nichols akaiga La Cage aux folles mwaka wa 1996. Ni kweli kwamba zote tatu zilitokana na tamthilia za jukwaani, hivyo sifa ni za waandishi pia. Hata hivyo, Wilder mwenyewe, bingwa wa vichekesho, alishindwa kuipa L'Emmerdeur uhai ule ule.

Molinaro hakuidharau runinga. Mnamo 1979 aliigeuza riwaya ya Stefan Zweig kuwa La Pitié dangereuse. Akiwa na umri wa miaka 70 alielekeza vipindi vya H, mfululizo wa vichekesho vya hospitalini uliomshirikisha Jamel Debbouze. Katikati alitoa Beaumarchais l'insolent (1996), filamu ya kihistoria yenye Fabrice Luchini.

Alifariki jijini Paris mnamo Desemba 7, 2013, akiwa na umri wa miaka 85.